Aliye Hai Hajiitikii

Siku moja kabla ya mambo kuharibika, baba na mama hawakuwa wakisemezana kwa sababu ya chumvi. Kwetu, kijijini Wamaza, chumvi ilikuja kwa pikipiki kutoka mjini Kasongo, na njia ikiharibika kwa mvua haikuja kabisa. Baba alikuwa amechukua nusu ya chumvi ya nyumba akampelekea mjane mmoja jirani, bila kumwambia mama neno. Mama alipika sombe, yale majani ya muhogo, bila chumvi, akaiweka mbele yake, akakaa kumtazama. Baba akala yote, akajifuta midomo, akasema imekuwa tamu sana. Mama alisonya, akabeba jembe, akaenda zake shamba.

Jioni baba alisimama mbele ya kanisa kama alivyosimama kila jioni. Alikuwa mwimbishaji wa korali, mtu mfupi, mguu mmoja ukichechemea, na sauti ambayo hungeamini inatoka kwenye kifua kile. Akauinua wimbo: *Nani bado yuko shambani, jua linakwenda?* Na kutoka njia zote za mashamba, watu wakirudi na mizigo ya muhogo na mpunga, ikaja itikio: *Ni sisi, Bwana, tunakuja, tumechoka.*

Sauti ya kwanza ilikuwa ya mama. Siku zote ilikuwa ya mama. Ila siku ile aliitika kwa ukali, na lile "tumechoka" akalikaza mpaka kijiji kizima kikaangua kicheko, kwa maana habari ya chumvi ilishamfikia kila mtu. Nilikuwa nyuma yake na mwanangu Neema mgongoni. Nikamwuliza inakuwaje anamwitikia mtu ambaye hataki hata kumsalimu.

"Chumvi ni chumvi," mama akasema. "Lakini mutu mwenye iko hai hajiitikii."

Wimbo ule una asili yake, na ni lazima niieleze, maana wanaouimba leo hapa Kasongo wameipindua. Tuni ilikuja na wageni weupe wa misheni, zamani, na kwao ilikuwa ya mavuno: wavunaji ni malaika, ghala ni mbinguni, na atakayechelewa na ateketee. Babu yangu mzaa baba ndiye aliyeutilia maneno, kwanza kwa Kibangubangu, lugha yetu, baadaye kwa Kiswahili. Babu alikuwa katekista, lakini alikuwa pia mkulima, na mkulima anajua kwamba anayechelewa shambani hana dhambi, ana kazi nyingi. Akatoa moto wa jehanamu, akaweka uchovu. Mzungu wa misheni alipouliza maana yake, aliambiwa ni habari za siku ya mwisho. Akafurahi, akaandika. Watu wetu waliimba wakijua ni habari ya kurudi nyumbani kabla chui hajatoka.

Basi ukawa wimbo wa jioni. Mwimbishaji akiita, alisikia kila njia ikijibu, na njia iliyonyamaza ilitumiwa vijana wakatazame. Hata Waislamu waliitika. Ramazani, fundi cherehani, ambaye shamba lake la karanga lilipakana na letu, alikuwa anaitika kwa nguvu kuliko wanakorali wengine, ila badala ya "Bwana" aliweka "Mola". Baba alikuwa akimtania kwamba siku moja atambatiza kwa lile neno moja tu lililobaki.

Na ulikuwa wimbo wa kaburini pia. Hapo ndipo palipo na neno. Kabla udongo haujamwagwa, mwimbishaji alisimama kichwani pa kaburi akaita: *Nani bado yuko shambani?* Watu wote walinyamaza. Hakuna kukohoa. Mtoto akilia, alipelekwa mbali. Tulimngoja marehemu aitike mwenyewe, kama alivyoitika jioni zote za maisha yake, na alipokuwa haitiki, mwimbishaji alimjibia: *Ni sisi, Bwana, tunakuja, tumechoka.* Sauti moja, kuita na kuitika. Basi hapo kila mtu alijua kwamba yule hatuko naye tena na asiitwe tena. Ndiyo maana hakuna mahali pengine popote ambapo mwimbishaji alijiitikia. Kujiitikia ilikuwa kusema: hapa pana maiti.

Mchungaji wetu wa Wamaza hakuipenda desturi hiyo. Alisema kumjibia mfu ni mila, na mila ni mlango wa shetani. Baba alimwuliza Bwana Yesu alikuwa akisema na nani alipomwita Lazaro. Kwa swali hilo alifungiwa meza ya Bwana, akakaa benchi la nyuma kama mzinzi, mpaka aliposema mbele ya watu kwamba hatarudia. Hakurudia mbele ya mchungaji. Mchungaji alikuwa akiomba ombi lake makaburini, akienda zake, na sisi tulibaki tukazika mtu wetu vizuri.

Nayasema haya kwa sababu nina hasira, na nataka msomaji ajue hasira hiyo inaanzia wapi.

Asubuhi iliyofuata siku ile ya chumvi, risasi zilisikika upande wa njia ya Salamabila. Tulikuwa tumezoea kusikia habari za huko: kundi hili limefukuza lile kwenye mashimo ya dhahabu, wale wamerudi na wenzao. Baba yake Neema alikuwa huko huko akichimba. Tulidhani wanaume wanaogombania dhahabu watabaki penye dhahabu. Sisi tulikuwa na nini? Karanga.

Lakini mtu mwenye bunduki hula, na hataki kubeba mzigo wake mwenyewe. Walitaka chakula, na watu wa kukibeba, na wasichana. Hivyo ndivyo vilivyokuwa vita vyetu. Wakubwa wakieleza kwenye redio wana maneno marefu. Mimi nilichoona ni wanaume waliokuja kuiba karanga, na migongo ya kubebea karanga.

Baba alikimbilia kanisani, akaigonga ile rimu ya gurudumu la lori tuliyokuwa tukiitumia kama kengele. Aliigonga bila kukoma. Tulipofika kijito, nyuma ya mashamba, tulikuwa bado tunaisikia.

Kisha haikusikika tena.

Tulijificha kwenye shamba la zamani lililogeuka msitu, ng'ambo ya kijito. Tulikuwa wengi: wanawake na watoto wa upande wetu, wazee wawili, Ramazani na mke wake. Hakuna aliyewasha moto. Tulikula muhogo mbichi. Mama hakusema lolote kuhusu baba siku nzima ile, wala usiku, wala asubuhi yake. Alikuwa akiwafunga watoto wa wenzake vizuri migongoni, akikagua majani tuliyojifunika, akituambia nani asogee wapi.

Siku ya pili, jua likiwa linakwenda, tulisikia sauti ya baba.

*Nani bado yuko shambani, jua linakwenda?*

Sijui ni nani aliyewaambia wale wanaume kwamba mtu huyu akiimba, watu hutoka. Labda walitusikia wenyewe jioni fulani, walipopita wakipeleleza. Walimsimamisha pale pale pake, mbele ya kanisa, na wakamwambia aimbe.

Na sisi tuliinuka. Hili linaniuma hata leo. Hakuna aliyefikiri. Mwili uliozoea kuitwa hivyo tangu ukiwa mgongoni mwa mama yake hauulizi. Wanawake walikamata mizigo. Mzee mmoja alianza kujipangusa majani kwa furaha. Midomo ilikuwa tayari imefunguka.

Baba hakutungoja.

*Ni sisi, Bwana, tunakuja, tumechoka.*

Aliitika mwenyewe. Sauti moja.

Tulikaa chini wote, kwa pamoja.

Akaimba ubeti wa pili. Akaita, akajiitikia. Hakuharakisha, hakutetemeka. Wale wanaume hawakuelewa kitu. Kwao wimbo ni wimbo. Waliona mzee anaimba kama walivyomwamuru. Hawakujua kwamba alikuwa amesimama kichwani pa kaburi lake mwenyewe, na kwamba anatuambia: msije, hapa pana maiti.

Mama alikuwa kando yangu. Alinipa kikapu chake cha muhogo.

"Mutu mwenye iko hai hajiitikii," akasema, polepole, kama anayejikumbusha jambo.

Akashuka upande wa kijito. Nilidhani anakwenda kunywa maji.

Kimya kilikuwa kirefu. Baba alikuwa anavuta pumzi, au walikuwa wanamwuliza watu wako wapi. Kisha akauanza ubeti wa tatu, ule wa mwisho.

*Nani bado yuko shambani?*

Na mama akaitika.

Si kutoka tulipokuwa. Alikuwa ameteremka na kijito, akazunguka shamba la mpunga, akatokea njia ya mbali, upande wa pili kabisa. Aliimba itikio lote, mpaka "tumechoka", na safari hii hakulikaza. Sauti ilikuwa inatembea. Alikuwa anakwenda kwa baba.

Nilifungua mdomo nimwite. Mkono wa Ramazani ulinishika usoni, ukaniziba mdomo na pua pamoja. Neema alikuwa akinyonya. Nilimng'ata Ramazani mpaka nikasikia damu yake, na hakuuondoa.

Tukasikia risasi.

Tuliondoka kupitia upande ambao wale hawakutazama, kwa kuwa walikuwa wakitazama njia ya mama. Tulikwenda kwa miguu hadi Kasongo. Wote tuliokuwa kwenye lile shamba la zamani tulifika, hata mzee aliyekuwa akijipangusa majani. Baadaye waliothubutu kurudi Wamaza walikuta kanisa limechomwa. Habari ya baba na mama waliileta kila mtu na yake: mmoja alisema waliburutwa hadi mto Luama, mwingine akasema walitupwa kwenye shimo la dhahabu lililoachwa. Hakuna aliyenionyesha kaburi. Kwa hiyo hakuna aliyewaimbia.

Baba yake Neema alitukuta hapa Kasongo. Tulipanga, tukajenga, tukalima pembeni ya mji. Ramazani alijenga ng'ambo ya ua wangu. Mkono wake una alama ya meno yangu, na mke wake anapenda kuwaambia wageni kwamba mumewe aliumwa na Mkristo.

Miaka imepita. Mwaka huu mchungaji wa kanisa letu la hapa aliniita ofisini. Ni kijana, mpole, amesoma, na upole wake ndio ulionichosha kuliko chochote. Alisema kanisa linatoa kitabu kipya cha nyimbo, na chini ya kila wimbo wataandika asili yake na maana yake. Walikuwa wamepata ule wa babu yangu kutoka kwa wakimbizi wengine. Walitaka nithibitishe maneno yake.

"Tunauweka kati ya nyimbo ya ushindi, Mama Neema," akasema. "Wazazi wako walikufa wakimusifu Mungu mbele ya adui. Ile ni ushuhuda mukubwa."

"Hawakuwa wanamusifu mutu," nikamwambia. "Baba alikuwa anasema kimbieni."

"Kwa wimbo wa Mungu."

"Kwa namna ya kuimba yenye mulimufungia meza ya Bwana sababu yake! Pasta, andika vile. Andika kwamba kaburini mwimbishaji anajiitikia, na kwamba ndio ile ilituokoa. Mustari moja tu. Sitaki kitu ingine."

Alishusha macho, akapanga karatasi zake. "Mama, komite haiwezi. Ile ni mambo ya mila. Mu kitabu ya nyimbo tunaweka mafundisho."

"Iko watoto hapa Kasongo wenye wako hai juu ya ile mila. Wengine wanaimba mu korali yenu. Muwaulize kama ni ya shetani."

"Watu wanahitaji kutiwa moyo," akasema, na akanishika mkono kwa mikono yake miwili, kama tunavyowashika wafiwa. Nilimnyang'anya mkono wangu.

Nilimwambia kama hawaweki mstari wangu, wasiweke wimbo. Lakini wimbo hauna mlango wa kufunga. Jumapili ya kukizindua kitabu, korali ilivaa vitenge vipya, ikasimama na kinanda cha umeme na ngoma. Wakaimba. Ilikuwa mbio mbio, ya kuchezea. Watu wote waliita pamoja, na watu wote wakaitika pamoja, wakapiga makofi kwenye "tumechoka". Umepata kuona mtu aliyechoka anapiga makofi? Hakuna mwito tena pale, maana hakuna anayesubiri jibu. Mchungaji alisimama akasema habari za mzee mmoja na mke wake, mashujaa wa imani, waliokwenda mbinguni wakiimba ushindi. Wanawake walipiga vigelegele. Mwenzangu wa benchi alinigusa bega ili nisimame nionekane.

Nilisimama nikatoka.

Nilitembea hadi nyumbani nikisema peke yangu njiani, na wenye pikipiki wakinikwepa. Nilikuwa na hasira na mchungaji. Nilikuwa na hasira na wale wanaume, ambao sijui hata mmoja wao kwa jina, na ambao leo labda wanauza mafuta ya taa sokoni na kuniita mama. Ushindi gani? Walichukua karanga zetu, wakachoma kanisa, wakawaua wazazi wangu, na hakuna aliyewauliza. Kama huo ni ushindi, ni wao walioupata. Sisi tulichopata ni uhai, na uhai huo kuna aliyeulipia, na sasa shukrani wanaipeleka mbinguni, kwa mtu ambaye hakuwako.

Ilikuwa mchana, jua kali. Ramazani alikuwa barazani mwake anashona, mashine inakwenda. Nilisimama katikati ya ua, nikiwa bado na viatu vya kanisani, nikauinua wimbo.

*Nani bado yuko shambani, jua linakwenda?*

Mashine ikanyamaza.

Angeweza kuitika. Jioni zote za hapa Kasongo, nikiuimba huku napika, Ramazani huitika kutoka kwake na "Mola" yake. Mchana ule hakuitika. Alisikia tangu neno la kwanza ninaimba namna gani. Mke wake alikuwa akipepeta mpunga, akaweka ungo chini. Sijawahi kuona ua wa Kasongo ukinyamaza vile. Nikangoja kama inavyopaswa kungoja. Nikampa baba nafasi yote ya kuitika. Kisha nikamjibia mimi. Beti zote tatu. Basi hivyo ndivyo baba yangu alivyozikwa, miaka mingi baada ya kufa, ndani ya ua wa kupanda mchicha, na mashahidi wake walikuwa Waislamu wawili.

Nilipomaliza, Ramazani alikuja hadi kwenye uzio akauegemea.

"Pole, Mama Neema," akasema. Akangoja. "Iko bado ya mama yako."

"Yake hapana."

"Juu ya nini?"

"Yeye aliitika," nikasema. "Nikimujibia, nitakuwa ninasema hakuna mutu aliitika."

Alikubali kwa kichwa. Nilidhani yameisha, lakini mdomo wangu ulikuwa haujamaliza. "Tena niko na kasirani naye. Alifikiri kila mutu, Papa Ramazani. Alifikiri mpaka njia ya kupita, ili risasi isituone. Alifikiri baba asibaki peke yake. Na miye? Aliniachia kikapu ya muhogo."

Ramazani alitazama mkono wake, pale penye meno yangu.

"Ile kasirani haitaisha," akasema.

"Ninajua."

Akarudi kwenye mashine yake.

Kitabu chao kinauzwa mlangoni mwa kanisa. Sijakinunua. Watoto wa wajukuu zetu watauimba wimbo ule wakiruka, na watafundishwa kwamba ni wa ushindi, na mtu wa silaha akija tena wakati wao, hakuna atakayejua kuwaonya kwa wimbo huo. Hicho ndicho kilichopotea, na sijaona wa kukirudisha.

Baba sijamwita tena tangu mchana ule, kwa kuwa amezikwa. Mama hajazikwa. Kwa hiyo jioni, sufuria ikiwa jikoni na jua likienda, bado naita. Ramazani huitika ng'ambo ya ua, lakini haitiki mara moja. Huacha kwanza nafasi ya sauti moja.